Nyaraka zikifutwa rufaani, mwenye kosa anajulikana

Kila Mahakama ya Rufani ya Tanzania inapomwachia huru mtu aliyehukumiwa kifungo cha miaka 30 kwa sababu nyaraka zimefutwa kwenye kumbukumbu za shauri, majaji hubebeshwa lawama. Lawama hizo zimekosea mlango.

Msimamo wa mahakama hiyo unajulikana tangu 2003: hati ichunguzwe kama inafaa kupokewa, ipokewe, ndipo isomwe kwa sauti. Zaidi ya miaka 20 baadaye, fomu za polisi za uchunguzi wa kitabibu (PF3), hati za ukamataji mali na maelezo ya onyo bado zinafutwa kwa kuwa hazikusomwa. Mshtakiwa asiye na wakili, ambaye pengine hajui kusoma, anaulizwa kama ana swali kuhusu karatasi asiyojua imeandikwa nini. Anayeliita hilo suala la kiufundi hajawahi kusimama kizimbani.

Kosa la pili huzungumzwa kidogo. Risiti ya nyumba ya wageni ikikutwa mfukoni mwa mshtakiwa, kukutwa kwake ni jambo ambalo askari aliyempekua aliliona kwa macho yake. Huo ni ushahidi wa kimazingira, na kipimo chake kiliwekwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1949: usiwe na maelezo mengine ya maana zaidi ya hatia. Lakini kudai kwamba mshtakiwa alilala humo tarehe fulani kwa kuwa risiti inasema hivyo ni kumsikiliza karani ambaye hakufika, hakuapa wala hakuulizwa swali. Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1967 inataka shahidi aeleze alichokiona au kukisikia mwenyewe. Inaruhusu nyaraka za wasiofika mahakamani, kwa masharti, na masharti hayo hayatimizwi kwa kukabidhi karatasi.

Uingereza ilikwama hapo mwaka 1964. Katika kesi ya magari ya wizi yaliyobadilishwa yafanane na magari yaliyoharibika ajalini, rekodi za kiwandani za namba za injini zilikataliwa na majaji watatu dhidi ya wawili, kwa kuwa wafanyakazi walioziandika hawakuweza kutambuliwa. Majaji walisema kurekebisha sheria ni kazi ya Bunge, nalo likairekebisha mwaka uliofuata. (Hatia ilibaki palepale, kwa kuwa ushahidi mwingine ulitosha. Waendesha mashtaka wanaoegemea karatasi moja walizingatie hilo.)

Hapa nchini Bunge halina deni kubwa. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 inapokea hata taarifa za simu na benki, mradi ionyeshwe zilivyotengenezwa na kutunzwa bila kuchezewa. Kinachokosekana ni kazi ya upelelezi.

Mkurugenzi wa Mashtaka asipokee jalada lisiloonyesha, kwa kila hati, nani aliiandika, nani aliitunza na nani atakuja kuitoa. Hakimu anayeruhusu kielelezo kipite bila kusomwa naye awajibishwe. Ofisi ya Mashtaka itangaze kila mwaka ni rufaa ngapi zimeanguka kwa makosa haya na ni maofisa gani wamechukuliwa hatua. Mwanamke ambaye PF3 yake imefutwa, na mshtakiwa amerudi kuwa jirani yake, hajaelezwa na yeyote hadi leo ni nani aliyezembea.