Umeshinda Kesi, Lakini Geti Bado Limefungwa

Kijana mwenzangu wa Makutano, hebu fikiria hivi. Ulifutwa kazi, ukaenda Mahakama ya Ajira na Leba pale Meru, jaji akasema urudishwe kazini na ulipwe mishahara yote iliyokwama. Jumatatu unafika na karatasi ya korti mkononi. Askari wa getini anaisoma, anapiga simu ndani, kisha anakwambia hajaambiwa kitu. Sasa?

Wengi huishia hapo. Wanasema korti ni ya matajiri, wanaenda kutafuta kibarua kingine. Hasira hiyo naielewa. Lakini agizo la mahakama si barua ya maombi. Mwajiri akilikaidi, una haki ya kurudi kwa jaji uombe aadhibiwe kwa kudharau mahakama, na adhabu yake ni faini au hata jela.

Tusidanganyane kwamba sheria hii huuma kila mtu sawasawa. Februari 2017 viongozi saba wa chama cha madaktari, KMPDU, walihukumiwa mwezi mmoja jela kwa kutositisha mgomo, ingawa Mahakama ya Rufaa iliwatoa baada ya siku chache. Lakini 2015 mahakama hiyo hiyo ya leba iliwapa walimu nyongeza ya asilimia 50 hadi 60, na Rais Uhuru Kenyatta akasema waziwazi kwamba serikali haina pesa hizo. Walimu wakagoma, na Novemba Mahakama ya Rufaa ikaifuta nyongeza yenyewe. Hakuna waziri aliyelala ndani.

Hata kampuni kubwa hujaribu. Vijana 184 waliokuwa wakichuja picha na video za kutisha za Facebook jijini Nairobi, chini ya Sama, walienda kortini Machi 2023 kupinga kufutwa. Juni 2023 Jaji Byram Ongaya akaagiza mikataba yao iendelee hadi kesi iamuliwe. Walisema hawakulipwa, wakaomba Meta itangazwe imedharau mahakama. Meta nayo ikabishana kama inaweza kushtakiwa Kenya, na ilipofika Septemba 2024 ndipo Mahakama ya Rufaa ikasema inaweza. Hesabu miezi hiyo ukiwa na kodi ya nyumba.

Kwa hivyo jipange. Kudharau mahakama si rahisi kuthibitisha. Jaji atataka kuona agizo lilikuwa wazi, mwajiri alilijua, na alilikaidi makusudi, tena kwa ushahidi mzito kuliko wa kesi ya kawaida ya madai. Usimwachie karani wa mapokezi karatasi uende zako. Mpelekaji hati aapishe hati ya kiapo kwamba amelifikisha. Kama ni kampuni, wakili awataje wakurugenzi kwa majina, maana kampuni yenyewe haiwezi kufungwa seli.

Kwa pesa tupu njia ya kawaida ni madalali: wanashika gari, wanashika mashine, zinauzwa. Kwa kaunti hiyo haiwezekani, mali ya serikali haishikwi. Hapo unachukua cheti cha deni kortini, unaomba agizo la kumlazimisha afisa anayeidhinisha malipo alipe, na akikaa kimya ndipo yeye mwenyewe anaitwa aeleze kwa nini asifungwe. Nimeona vijana wakikata tamaa katikati ya hatua hizi, na hiyo ndiyo hesabu ya boss.

Maana muda ni wake. Sheria inaruhusu urudishwe kazini ndani ya miaka 3 tu tangu ulipofutwa. Kesi ikiburuzwa mpaka miaka hiyo ipite, unabaki na fidia isiyozidi mshahara wa miezi 12. Kama una agizo limelala kwenye droo, litoe leo usome tarehe, kisha umpigie wakili wako umuulize kama mwajiri alipelekewa na ushahidi uko wapi.