Tofauti ni 14 Tu, na Mtu Anapofuka

Wasee, wacha nikiri kitu. Kidato cha tatu, moli zilinitesa. Ticha anaandika fomula ubaoni, anasema tafuta uzito wa molekuli, mi najiuliza hii itanisaidia wapi maishani. Nilikariri, nikapita mtihani, nikasahau.

Halafu Jumamosi moja mjomba wangu akaenda kunywa na marafiki zake. Jumapili jioni akamwambia mamangu awashe taa. Taa ilikuwa imewaka.

Hadi leo anatembea na fimbo. Na mimi nikarudi kwa kile kitabu cha kemia.

Hebu tupige hesabu. Kaboni ni 12, hidrojeni 1, oksijeni 16. Ethanoli, ile pombe iko kwa bia na waini, ni C2H5OH: 24 na 6 na 16, jibu 46. Methanoli, ya kazi za viwandani, ni CH3OH: 12 na 4 na 16, jibu 32. Tofauti ni 14. Kaboni moja na hidrojeni mbili, basi.

Kwa macho zote ni kama maji. Zote zinanuka pombe, zote zinalewesha. Yule jamaa husema "washa kiberiti, ikiwaka bluu ni safi" anakudanganya, juu zote huwaka bluu.

Tofauti inajitokeza ukishameza. Ini linageuza methanoli kuwa asidi ya fomiki, HCOOH, na hiyo ndiyo inashambulia neva za macho. Sasa jumlisha uzito wake: 12, 2, 32. Ni 46! Sawa kabisa na ethanoli. Kwa hivyo hata uzito peke yake haukusaidii. Lazima ujue fomula.

Na hapo ndipo shida iko. Ethanoli ina fomula, methanoli ina fomula, lakini kile kimechanganywa kwa mtungi hakina. Mchanganyiko unaweza kuwa chochote, leo hivi, kesho vile. Ati "mi hukunywa hapo kila siku na sijawahi dhurika" si ushahidi wa kitu.

Mwaka wa 2000 kumikumi iliua zaidi ya watu 100 Nairobi. 2014 vifo vingine, kaunti kadhaa. 2024 ikawa Kirinyaga. Kila mara tunasema "walevi hao", tunatengeneza meme, tunasonga. Mjomba si meme. Ni fundi aliyekuwa anapima mbao kwa jicho.

Maoni yangu ni haya: moli zifundishwe kuanzia hapa. Ticha, kabla uandike fomula ubaoni, tuambie hiyo 14 ni ya nini. Mimi ningesikiza. Pengine ningeenda nyumbani nimweleze mjomba kabla ya ile Jumamosi.

Na kama umemwona mtu amekunywa, kesho yake anasema anaona ukungu, usimpe maziwa, usimwambie alale hangova iishe. Mpeleke hospitali saa hiyo hiyo, na useme alikunywa nini. Kuna dawa ya kuzuia ini lisitengeneze ile asidi, lakini haingoji asubuhi.

Sisi tulingoja asubuhi.