Ndugu wakikosana, mke ndiye mchawi?

Ndugu wakikosana bomani, lawama humwangukia nani? Bila shaka ni mke aliyeolewa juzi. "Tangu huyu aingie hapa hatujapata amani," ndivyo wasemavyo mashemeji.

Mambo haya hayako kwetu pekee. Yoko Ono, aliyezaliwa Tokyo mwaka wa 1933, aliolewa na John Lennon mnamo Machi 1969. Bendi ya Beatles iliposambaratika mwaka uliofuata, ulimwengu mzima ulimnyoshea kidole mama huyu.

Wachache walikumbuka kwamba meneja wao, Brian Epstein, alikuwa amefariki mwaka wa 1967, na kwamba vijana hao wanne walikuwa wakivutana kuhusu pesa na nani awasimamie. Ilipofika 2012, Paul McCartney mwenyewe alikiri hadharani kwamba si Yoko aliyewatenganisha.

Kumbe Yoko alikuwa msanii hata kabla ya kumjua Lennon. Mnamo 1964, mjini Kyoto, alipiga magoti jukwaani akiwa amevalia nguo zake nzuri, makasi yakiwa mbele yake. Watazamaji walialikwa kupanda mmoja mmoja, wakate kipande cha nguo na kuondoka nacho. Yeye alikaa kimya.

Alirudia onyesho hilo New York mwaka wa 1965, kamera ikinasa kila kitu. Wapo waliokata kidogo kwa haya. Lakini kijana mmoja alikata mpaka kamba za sidiria, Yoko akabaki kujisitiri kifua kwa mikono. Makasi yalikuwa yale yale. Mioyo ndiyo iliyotofautiana.

Mwaka wa 1969, yeye na Lennon walitengeneza filamu ambamo wapiga picha wanamwandama mwanamke mgeni katika mitaa ya London. Mwanzoni anatabasamu. Mwishowe amebanwa ndani ya nyumba, akiwasihi wamwache. Yoko alijua vizuri adha ya kuandamwa hivyo.

Akutukanaye hakuchagulii tusi. Wakati watu wakimsimanga, wangapi walijua kwamba mnamo 1971 mume wake wa awali alitoweka na binti yao wa miaka minane? Mama na mwana walionana tena katika miaka ya 1990. Lennon naye alipigwa risasi mbele ya macho yake Desemba 1980.

Hata hivyo, mnamo 2003, akiwa na umri wa miaka 70, aliketi tena jukwaani jijini Paris na kuwapa watu makasi. Safari hii aliwaomba kila mmoja ampelekee kipande chake mtu anayempenda.

Basi, kabla hujamlaumu mke wa ndugu yako, jiulize: ugomvi wa shamba ulianza lini, kabla ya harusi au baadaye? Mgeni hawezi kupasua chungu ambacho kilikuwa na ufa tangu zamani.