Jina ni Heshima ya Mtu

Chuoni tulifundishwa kwamba elimu ya mwanzo aliyopewa Adam, amani iwe juu yake, ilikuwa elimu ya majina. Kwa hiyo amnyang'anyaye mtu jina lake huwa ameanza kumnyang'anya utu wake. Hilo ndilo fundisho tunalolipata katika kazi za Bibi Lubaina Himid, mchoraji aliyezaliwa hapa Unguja mwaka 1954, akapelekwa Uingereza angali mchanga, na ambaye mwaka 2017 alitunukiwa Tuzo ya Turner, akiwa mwanamke mweusi wa kwanza kuipata.

Mwaka 2004, katika mji wa Newcastle, Bibi Himid alionyesha kazi aliyoiita Naming the Money, yaani kuipa fedha majina. Ni picha 100 za watu, kimo cha mtu mzima, zilizochorwa juu ya mbao na kukatwa kufuata maumbo yao. Hazikutundikwa ukutani, zilisimamishwa ukumbini, na mtazamaji akapita katikati yao kama apitaye sokoni. Wamo wapiga ngoma, mafundi viatu, wafinyanzi, waganga wa mitishamba na wachora ramani, Waafrika waliotumikishwa katika majumba ya wakubwa wa Ulaya. Mgongoni mwa kila mmoja pamebandikwa karatasi ya hesabu, kama ankara ya bidhaa, yenye jina lake la asili, jina alilopewa na bwana wake, kazi aliyoifanya kwao na kazi anayotumikishwa sasa.

Sisi wa Visiwani hatuwezi kulitazama jambo hilo kuwa ni la wenzetu. Soko la watumwa la Mkunazini lilifungwa mwaka 1873, na sheria ya kuuondoa utumwa wenyewe haikuja mpaka mwaka 1897. Waliopitishwa hapa walivuliwa majina ya kwao bara, wakaitwa Mabruki, Baraka na Farjalla. Majina mazuri, lakini si yao. Hata ukumbusho wa Mkunazini, uliochongwa na Bibi Clara Sörnäs wa Sweden mwaka 1998, unatuonyesha watu watano shimoni wakiwa na minyororo, wala hatujui kuwaita nani.

Wapo wasemao kwamba mambo haya yaachwe yalale, yasije yakafarakanisha majirani. Hatukubaliani nao. Mwacha asili ni mtumwa, na kuficha asili ya jirani yako si kumstahi.

Bibi Himid ametumia pia sana mtindo wa kanga katika michoro yake. Mama zetu wanajua kwamba kanga ina pindo, mji na jina, na kwamba isiyo na jina haijakamilika. Sanaa hii basi si ngeni kwetu, ilitoka kwetu.

Tunatoa wito kwa viongozi wanaohusika na utamaduni. Jumba la Beit al-Ajaib, ambalo sehemu yake iliporomoka tarehe 25 Desemba 2020, likisimama tena litengewe ukumbi wa wasanii wa leo, wala lisiwe la vyombo vya kifalme tu. Bibi Himid aalikwe humo kwa heshima zote. Na vijana wetu wachoraji, ambao wengi wao huishi kwa kuwachorea watalii, wapewe kazi ya kuyatafuta majina ya wazee wetu na kuyaandika mahali ambapo kila mtu atayasoma.