PAA WA SULTANI DARAI ASIPONYWE

Wako wasemao kwamba hadithi za kale zisiguswe, maana zikiguswa zaharibika. Mimi sikubali. Mwaka 1922 Bibi Lotte Reiniger, Mjerumani, alitengeneza filamu fupi ya Cinderella, msichana wa majivuni, bila mchezaji hata mmoja. Watu wote ni vivuli vya karatasi nyeusi, na mkasi wenyewe waonekana mwanzoni ukiwakata. Viungo hufungwa kwa waya, karatasi hulazwa juu ya kioo chenye taa chini yake, husogezwa kidogo, hupigwa picha, husogezwa tena. Hadithi haikuharibika, hata dada anayejikata mguu ili kiatu kimwenee yumo.

Nasi tunayo ya kwetu. Katika hadithi za Unguja alizozipiga chapa Edward Steere mwaka 1870 imo habari ya Sultani Darai. Maskini Hamdani achakura jaani, aokota thumni, anunua paa. Paa yule amtafutia binti sultani, aua nyoka wa vichwa saba, ampa bwana wake nyumba ya nyoka. Wazungu wanayo inayofanana nayo, ya paka mwenye viatu, aliyoiandika Perrault mwaka 1697. Lakini paka wao mwishowe hula raha. Paa wetu aliugua, na Hamdani akaamuru apewe uji wa mtama mwekundu (nasi wa bweni twajua uji ni kitu gani!). Akafa, akatupwa kisimani. Hamdani akaamka, yuko jaani tena.

Hapo ndipo penye ugomvi. Wenzangu wataka tuifanye filamu ya vivuli, walakini paa apone, kwani wadogo watalia. Waache walie. Hamdani na akae Nakwa katika nyumba ya bati, kisima kiwe Ziwa Babati pamoja na viboko wake, sina neno. Lakini paa akipona, Hamdani hakumdhulumu mtu, na jaani atarudi kwa kosa gani?

Vifaa si taabu: boksi, kioo cha dirisha, taa, na simu ya mwalimu mmoja mwenye huruma. Taabu ni hesabu. Kwa picha 12 kila sekunde, dakika 5 zataka picha 3,600, na sisi Kidato cha Nne tuna mtihani Novemba. Kazi hiyo waishike Kidato cha Tatu, nasi tutawakatia karatasi Jumamosi, kwa sharti hilo moja la paa.