Haki ya Aliye Nyuma ya Gari

NENO LA NJIANI
Na Seif Mwinyimvua

Jua la Nchelenge huzama majini. Mtu akisimama ufukoni mwa Ziwa Mweru, upande huu wa Zambia, hulitazama likishuka juu ya ardhi ya Kongo ng'ambo ya pili, na muda si muda maji hubadilika rangi, giza likaingia, na mbali kule zikaanza kuonekana taa za wavuvi wa chisense, samaki wadogo mfano wa dagaa wetu, ambao huvuliwa usiku kwa kuvutwa na nuru. Ilikuwa saa hiyo, baina ya magharibi na isha, nami nalirudisha gari nyuma pembezoni mwa soko la Kashikishi ili lipakiwe magunia ya samaki wakavu, ndipo niliposikia sauti ya mwanamke ikipaa juu ya makelele yote ya soko: "Baba, simama! Mutoto iko nyuma!"

Nilikanyaga breki kwa nguvu zangu zote. Niliposhuka nilimkuta mtoto wa umri wa miaka minne hivi, ameketi juu ya gunia, amelipa gari kisogo, mkononi ana kipande cha muhogo wa kuchemsha. Na baina ya bamba la gari na mgongo wake hapakuzidi shibiri tatu. Mama yake, ambaye kwa lafudhi yake nilimtambua kuwa ametoka ng'ambo, hakunitukana. Alimpakata mwanawe, akanitazama, akaniuliza kwa adabu iliyonichoma kuliko tusi: "Baba, taa ya nyuma iko wapi?"

Swali hilo ndilo lililonitia kalamu mkononi juma hili, na kwa kuwa nina deni nalo, sina budi kulijibu kwa ukweli. Wiki moja kabla ya siku ile, nilipokuwa njiani kutoka Nakonde kupitia Kasama, Luwingu na Mansa, niliona kwamba taa ya rivasi ya upande wa kushoto haiwaki. Nikanunua globu mpya, nikaitia, nayo isiwake. Nikaghadhibika, nikasema nafsini mwangu kuwa ya kulia yatosha, nikaendelea na safari. Ya kulia nayo, kwa mitikisiko ya njia, uzi wake ukakatika nisijue. Dereva hukaa mbele, na taa zile ziko nyuma. Zikifa, yeye hapungukiwi na kitu akionacho, bali anayepungukiwa ni mtu mwingine, ambaye aghalabu hajui hata kwamba alikuwa na haki ya kupewa nuru ile.

Naam, nasema haki, wala sikulichagua neno hili kwa kutaka kulikuza jambo dogo. Taa ya rivasi ina kazi mbili, na ile inayojulikana zaidi, ya kumwangazia dereva anakokwenda, naiona kuwa ndogo mbele ya ile ya pili, ya kumwambia aliye nyuma: gari hili linakujia. Ndiyo maana rangi yake imetengwa na nyingine zote. Nyuma ya gari, nyekundu ni ya kuwapo na ya kusimama, ya manjano ni ya kukata kona, na nyeupe haipaswi kuonekana huko ila kwa taa ya rivasi na ile ndogo inayoangaza namba. Utaratibu huo si wa nchi moja. Umo katika Mkataba wa Vienna wa usafiri wa barabarani, uliowekwa tarehe 8 Novemba 1968, na watengenezaji wa magari wa Ulaya na Asia wameufuata hata imekuwa kama lugha moja ya dunia nzima.

Na ni wapi panapohitaji lugha ya namna hiyo kuliko Kashikishi? Hapa huyu anasema Kibemba, yule Kiswahili cha Katanga, mwingine Kifaransa cha shule. Dereva wa Zambia amezoea kupita kushoto, na mgeni aliyevuka ziwa amezoea gari lipite kulia, kwa hiyo hata kule kugeuza shingo kutazama hatari hakufanani baina yao. Nimeona malori yaliyotoka Ujapani, ambayo yakitiwa rivasi hutoa sauti ya kike ikisema kwa Kijapani kwamba gari linarudi nyuma na watu wajihadhari. Sauti ya upole, yenye heshima, na katika soko zima hapana hata mmoja aielewaye maneno yake. Mtu atasema kuwa utingo yupo, naye hugonga bodi na kupiga kelele za "rudi, rudi, rudi". Simdharau utingo, maana ameokoa wengi. Walakini utingo naye husimama upande mmoja tu wa gari, hukaukiwa sauti, na kelele zake huchanganyika na za wanaonadi samaki. Nuru nyeupe haina lafudhi, na hata aliye kiziwi huiona ikianguka juu ya mikono yake.

Asubuhi iliyofuata nilikwenda kwa fundi umeme wa magari, mtu wa makamo aliyejifunza kazi yake Lubumbashi, ambaye karakana yake ni kivuli cha mwembe na sanduku moja la mbao. Nilimpa globu mbili mpya nikidhani ndizo dawa. Alizipokea, akaziweka juu ya sanduku, akasema, "Ngoja kwanza, Mzee. Tuulize gari." Nami nataka kueleza namna alivyoliuliza, kwa sababu wengi wetu hatuulizi, hununua tu.

Alianza kwa kuvuta breki ya mkono na kuweka mawe nyuma ya magurudumu, kwa maana gari lililotiwa rivasi si kitu cha kuchuchumaa nyuma yake bila hadhari. Injini hakuiwasha, aligeuza ufunguo hadi taa za dashibodi zikaonekana, akatia gia ya rivasi, basi. Kisha akaniuliza kama geji na indiketa zinafanya kazi, kwani katika magari mengi, na langu mojawapo, fyuzi ya rivasi huhudumia na vitu vingine, na hao majirani wakiwa hai ni dalili kwamba fyuzi haijakatika. Nikamwambia zinafanya kazi, ila nikikanyaga breki, indiketa ya kushoto nayo huwaka kwa unyonge, pasipo kuguswa. Hapo alitabasamu. Nilikuwa nimeiona ajabu hiyo tangu Mansa, wala sikuwahi kujiuliza maana yake.

Akafungua parafujo mbili za kioo cha taa ya kulia. Globu za aina hii, za volti 12 na wati 21, hazivutwi. Husukumwa ndani kidogo, zikazungushwa kuelekea kushoto, ndipo zikatoka. Zile za siku hizi zisizo na kitako cha chuma ndizo huvutwa moja kwa moja. Aliiinua juani nikaona uzi umekatika na kioo kimeingia weusi kwa ndani. Akatia mpya, ikawaka papo hapo. Huko ndiko ambako globu ilikuwa na kosa kweli.

Upande wa kushoto ulikuwa na habari nyingine. Globu niliyoitia wiki iliyopita ilikuwa nzima, uzi wake haukuwa na taksiri. Alichukua globu yake ya kupimia, iliyoungwa nyaya mbili, akaweka waya mmoja kwenye ncha ya holda inayoleta moto, na wa pili akaugusisha kwenye chuma cha bodi alichokikwangua kikawa cheupe: ikawaka. Kisha bila kuutoa ule wa kwanza, akauhamisha wa pili hadi kwenye ubavu wa holda, pale ambapo umeme ungepaswa kupata njia ya kurejea: ikazima. "Umeona, Mzee?" akasema. "Globu haina makosa. Moto inafika, lakini haina njia ya kurudia." Njia hiyo ya kurudia ndiyo erthi, au mase kama waiitavyo mafundi wa upande wa Kongo: waya mfupi uliofungwa kwa bolti moja kwenye bodi, nyuma ya taa. Alipouchomoa nilishuhudia kutu ya kijani imeula mpaka ndani ya sharubu zake, kwa sababu mwaka mzima maji ya samaki na barafu yalikuwa yakitiririka kutoka kwenye bodi na kupita papo hapo. Na ile indiketa iliyokuwa ikiwaka bila kuitwa, maana yake ikadhihirika: umeme wa breki, ukiisha kufungiwa mlango wake, ulikuwa ukiomba njia kwa jirani.

Akaukata waya palipo pazima, akautia kichwa kipya, akapasugua mahali pa bolti kwa msasa, akakaza, akapaka grisi. Kazi yote haikufika nusu saa. Globu mbili nilizokuwa nimenunua, moja ilibaki.

Kwa hiyo nasema kwamba kosa letu kubwa katika jambo hili ni ile imani kuwa taa isiyowaka dawa yake ni globu, na globu ikishindwa tunakata tamaa. Ikizima moja na nyingine ni hai, basi aghalabu taabu iko kwenye globu, holda au erthi ya upande ule. Zikizima zote mbili kwa pamoja, ni nadra globu mbili zife saa moja. Hapo mtu aitazame fyuzi, kisha swichi ya rivasi, ambayo katika giaboksi ya gia za mkono imefungwa kwenye giaboksi yenyewe, chini huko kwenye tope na mafuta. Fundi huchomoa nyaya zake mbili na kuziunganisha kwa kitambo kidogo. Taa zikiwaka, swichi ndiyo iliyokufa. Na ikiwa taa zinawaka wakati wote hata gari likienda mbele, ni swichi hiyo hiyo iliyokwama, na ubaya wake si mdogo, kwani huwafundisha watu kuipuuza nuru nyeupe. Kwa magari ya otomatiki swichi huambatana na ile inayozuia gari lisiwake likiwa ndani ya gia, ndiyo sababu gari linalokosa taa ya rivasi wakati mwingine hukataa pia kuwaka mpaka gia itikiswe. Magari yenye mlango wa nyuma unaofunguka kwenda juu hukatika nyaya ndani ya mpira ulio kwenye bawaba. Na gari lililotengenezwa kwa soko la Ulaya huenda likawa na taa moja tu ya rivasi tangu kuzaliwa kwake, upande wa pili ukiwa na taa nyekundu ya ukungu. Hilo si bovu.

Fyuzi inayokatika kila gia ya rivasi inapotiwa yataka maneno ya peke yake. Globu mbili za wati 21 hazinywi zaidi ya ampea 3.5 katika umeme wa volti 12, na fyuzi ya ampea 10 huzibeba bila taabu; ikikatika, basi kuna waya uliochubuka unaogusa bodi. Anayeondoa fyuzi hiyo akaweka ya ampea 30, au akaizungushia karatasi ya sigara yenye fedha, hakutengeneza kitu. Ameuondoa mlango uliokuwa ukizuia moto, na waya sasa ndio utakaoungua, pamoja na vilivyo jirani yake. Nalisema hili kwa uchungu, kwa kuwa karatasi hizo nimeziona kwa macho yangu. Vilevile wenye malori ya volti 24 wasikubali kuuziwa globu za volti 12 kwa hoja kwamba zinaingia kwenye holda. Kuingia zitaingia, na zitaungua mara ya kwanza.

Zambia ina sheria yake ya barabarani, namba 11 ya mwaka 2002, ambayo kwayo wakala wa usafiri na usalama wa barabarani, RTSA, aliundwa, na magari hukaguliwa kabla ya kupewa cheti. Rai yangu kwa wakaguzi wa nchi hiyo, na kwa wa kwetu pia, ni kwamba wasitosheke na taa za mbele na breki. Waombe gia ya rivasi itiwe, nao wazunguke nyuma waangalie. Na hapa Nchelenge ningependa ukaguzi wa namna hiyo ufanywe kabla ya Machi mosi, siku ambayo katazo la uvuvi, lililoanza Desemba mosi, huondolewa, na magari ya wachuuzi yakarejea ufukoni kwa pupa baada ya miezi mitatu ya ukimya.

Sehemu kubwa ya makala hii nimeiandika Chisenga, kisiwa kilichoko kusini mwa ziwa, karibu na Mto Luapula unapoingia, ambako msafiri hufika kwa mashua baada ya kuliacha gari lake ng'ambo. Nilikaa huko siku mbili kwa rafiki yangu. Niliporejea Nchelenge ilikuwa jioni tena, na kazi ya magunia ilikuwa bado. Nililirudisha gari polepole mahali pale pale. Yule mama alikuwepo, ametandika mkeka wake juu ya mchanga, mtoto kalala ubavuni pake. Nuru nyeupe ilipoanguka juu ya fungu la samaki alilokuwa akilihesabu, hakupiga kelele wala hakuinua uso. Alimvuta mwanawe kwa mkono mmoja, akausogeza mkeka pamoja na vilivyokuwa juu yake, akaendelea kuhesabu.