Usiniambie Eti Wanalipwa Pesa Nyingi

Fainali za NBA huanza saa tisa na nusu usiku huku kwetu. Soja wa ploti amesinzia, mbwa wa jirani amechoka kubweka, na sisi wanne tumebanana kwenye kochi moja huko Umoja, laptopu imeunganishwa na TV kwa waya, themosi ya chai iko sakafuni. Robo ya pili, watangazaji wanataja mchezaji fulani aliyepumzishwa mechi kadhaa msimu huu ili goti lipone. Beshte yangu, ambaye mchana hupeleka chakula kwa pikipiki, anafyonza.

"Hawa wasee wanalipwa mamilioni kurusha mpira halafu eti wamechoka. Si waache kazi? Wengine wanaitaka."

Tulicheka. Hata mimi nilicheka. Lakini hiyo sentensi imekataa kunitoka kichwani, na leo nataka kubishana nayo hadharani, kwa sababu si yake peke yake. Utaisikia kwa kinyozi, utaisikia kwenye matatu, utaisoma chini ya kila video. Tunaipenda hii ligi mpaka tunakosa usingizi. Tunajua nani alifunga pointi ngapi mwaka gani, tunajua kiatu kilitoka lini na rangi gani. Ila tukiulizwa ni nani aliyefanya kurusha mpira kuwe kazi ya kulipwa vizuri, tunabaki kukuna kichwa. Tunadhani pesa ililetwa na TV. Tunadhani kuna mzee fulani New York mwenye roho safi aliyeamka asubuhi moja akasema, hawa vijana wapewe.

Twende Boston, tarehe 14 Januari 1964. Ni usiku wa mechi ya nyota wote, theluji imefunika mji, na kwa mara ya kwanza mechi hiyo itaonyeshwa moja kwa moja usiku, saa za watazamaji wengi, kwenye ABC. Ndani ya chumba cha kubadilishia nguo wako Bill Russell, Wilt Chamberlain, Oscar Robertson, Jerry West, Elgin Baylor na wenzao, kama ishirini hivi. Na wamekataa kutoka. Wanataka ahadi ya pensheni. Chama chao, kilichoanzishwa na Bob Cousy mwaka 1954, kimeomba kwa miaka, na kwa miaka wenye timu wamekipiga chenga. Wachezaji wengi wa wakati huo walikuwa wakitafuta vibarua msimu ukiisha ili walipe nyumba. Mtu angestaafu na magoti yaliyokwisha, na hakuna cha kuonyesha.

Mwenye Lakers alituma ujumbe mle chumbani kuwatishia Baylor na West: watoke wacheze au watakiona. Hawakutoka. Watu wa TV nao wakaanza kuwaka, kwa sababu dakika zilikuwa zinayoyoma na hakukuwa na mechi ya kuonyesha. Mwishowe kamishna Walter Kennedy akaja mwenyewe, akatoa ahadi yake, na ndipo wakatoka. Robertson akachaguliwa mchezaji bora wa usiku huo.

Hebu fikiria hesabu waliyoipiga. Baadhi ya majina tunayoyaita magwiji walikuwa tayari kupoteza kazi usiku mmoja. Na wachezaji weusi ndani ya chumba kile walikuwa na cha kupoteza zaidi, kwa sababu ligi yenyewe ilikuwa imewafungulia mlango mwaka 1950 tu, kwa akina Earl Lloyd, Chuck Cooper na Nat Clifton. Isidhaniwe kwamba kabla ya hapo hawakujua kucheza. New York Rens, timu ya weusi watupu ya Harlem, ilibeba ubingwa wa mashindano ya dunia ya timu za kulipwa kule Chicago mwaka 1939. Harlem Globetrotters waliipiga Minneapolis Lakers mwaka 1948, Lakers ya George Mikan. Uwezo ulionekana, mlango ukabaki umefungwa. Na hata walipoingia, mwaka 1961 Russell na wenzake weusi wa Celtics walinyimwa huduma kwenye mkahawa wa hoteli huko Lexington, Kentucky. Wakapanda ndege, wakarudi zao nyumbani, mechi ikachezwa bila wao.

Sasa tuje kwenye mishahara yenyewe. Kwa miaka mingi mkataba wa mchezaji wa NBA ulikuwa na kifungu kimoja cha ajabu: mkataba ukiisha, bado wewe ni mali ya timu ileile. Huwezi kwenda kwingine kuuliza watakulipa ngapi. Ama usaini unachopewa, ama ukae nyumbani. Mwaka 1970 Oscar Robertson, akiwa mwenyekiti wa chama, aliipeleka ligi mahakamani. Hii kesi ilibeba jina lake. Yaani mtu bado anacheza, bado anawategemea haohao wamlipe, halafu jina lake liko juu ya karatasi za mashtaka.

Kesi iliisha kwa makubaliano mwaka 1976, na hapo ndipo mchezaji alipoanza kupata uhuru wa kwenda anakotaka mkataba ukiisha. Robertson alikuwa amestaafu mwaka 1974. Yeye mwenyewe hakuifaidi. Kila mara unapomwona nyota wa leo akichagua timu mbele ya kamera huku mtandao ukimwita msaliti, anatumia haki iliyolipiwa na mzee ambaye hakuwahi kuitumia.

Kuna Spencer Haywood pia, kijana aliyekulia akichuma pamba Mississippi. Ligi ilikuwa na sheria kwamba huwezi kuingia mpaka miaka minne ipite tangu umalize shule ya sekondari. Miaka minne ya kuchezea chuo bure, chuo kikijaza uwanja, kocha akilipwa, wewe ukipewa kitanda na vitabu. Haywood alisaini na Seattle kabla ya muda huo kwisha, na kuna viwanja ambako kipaza sauti kilitangazia mashabiki kwamba kuna mchezaji haramu uwanjani. Mwaka 1971 Mahakama ya Juu ya Marekani ilimpa haki. Bila Haywood hakuna Kevin Garnett wala Kobe Bryant wala LeBron James kutoka sekondari moja kwa moja. Wangapi kati yetu wenye jezi ya Kobe wanalijua jina la Haywood?

Na si pesa tu. Hata ule utamu tunaoamkia usiku ulidharauliwa kwanza, ukauzwa baadaye. Mstari wa pointi tatu na shindano la kudanki vilinogeshwa na ABA, ile ligi pinzani yenye mpira wa rangi tatu, 1967 hadi 1976, ambayo NBA iliichukulia kama sarakasi. ABA ilipokufa, NBA ikachukua timu zake nne, ikamchukua Julius Erving, na msimu wa 1979-80 ikauchora ule mstari wa tatu kwenye viwanja vyake. Vyuo navyo vilikuwa vimepiga marufuku kudanki kuanzia 1967, wakati kijana mrefu anayeitwa Lew Alcindor, ambaye baadaye alijiita Kareem Abdul-Jabbar, alikuwa anawanyanyasa wote.

Allen Iverson alikuja na misuko yake, tatuu zake, suruali pana na mikufu. Mtaa mzima ukamwiga, hadi mtaa wangu. Mwaka 2005 kamishna David Stern akatoa sheria ya mavazi: marufuku mikufu juu ya nguo, marufuku vitambaa vya kichwani, marufuku kofia na jezi unapokuja kazini. Kila mtu alijua sheria ile inamwongelea nani. Leo ligi hiyohiyo inampiga picha kila mchezaji anapoingia uwanjani na miwani ya jua na mkufu wake, inaziweka mtandaoni, inatafuta wadhamini wa nguo. Waliotukanwa kwa kuvaa hivyo hawajaombwa radhi.

Utaniambia, sawa, hiyo ni historia, lakini leo wanalala juu ya pesa. Ni kweli, nyota wanalipwa pesa ambayo siwezi hata kuiota. Basi tuongee kuhusu wanaowalipa. Donald Sterling aliinunua Clippers mwaka 1981 kwa dola milioni 12.5. Kwa miongo mitatu timu yake ilikuwa kichekesho. Mwaka 2009 alikubali kulipa zaidi ya dola milioni 2.7 kumaliza kesi ya serikali iliyodai kwamba aliwabagua wapangaji weusi na Walatino kwenye nyumba zake. Ligi ilinyamaza. Mwaka 2014 sauti yake ikavuja akilalamika kuhusu watu weusi kuletwa kwenye mechi zake, wachezaji wa timu kadhaa wakaanza kupanga kususia mechi za mtoano, na ndipo akafungiwa maisha. Timu ikauzwa kwa dola bilioni 2. Sterling hakuwahi kuruka kudaka mpira hata mmoja. Ni nani hapo aliyelipwa pesa nyingi bila kuchoka?

Halafu kuna hii. Mwaka 1998 ligi ilisimama, msimu ukabaki mechi 50. Mwaka 2011 ikasimama tena, zikabaki 66. Uliza shabiki yeyote nini kilitokea, atakwambia wachezaji waligoma. Hawakugoma. Wenye timu ndio waliofunga milango mara zote mbili ili wapunguze gharama, na mwaka 2011 walifanikiwa: fungu la wachezaji lilishuka kutoka asilimia 57 ya mapato hadi karibu nusu. Mechi zilifutwa na matajiri, lawama zikaenda kwa waliokuwa nje ya geti.

Hata goti la yule mchezaji wetu lina historia. Msimu una mechi 82, na imekuwa hivyo tangu 1967. Kila mtu anajua ni nyingi. Hazipunguzwi kwa sababu kila mechi ni tiketi, ni bia, ni TV. Aliyenunua tiketi akamkosa nyota wake ana haki ya kukasirika. Ila asimkasirikie goti. Amkasirikie aliyepanga ratiba.

Sitaki kuwafanya malaika. Mwaka 2019 meneja wa Houston, Daryl Morey, alipoandika kuunga mkono waandamanaji wa Hong Kong na China ikawaka, LeBron, ambaye mwaka mmoja tu nyuma alikataa kuambiwa na mtangazaji wa TV anyamaze adunde mpira, alijitokeza kusema Morey hakuijua hali vizuri. Biashara ya China ilikuwa mezani. Na viatu ambavyo nyota walivitangaza miaka ya 1990 vilishonwa Indonesia na Vietnam kwa malipo ya kusikitisha. Umoja wao mara nyingi umeishia kwenye soli ya kiatu. Hilo liwauzi na mimi.

Lakini walipotaka, walijua njia. Tarehe 26 Agosti 2020, baada ya polisi wa Kenosha kumpiga Jacob Blake risasi, Milwaukee Bucks walibaki chumbani, kama wale wa 1964, na ligi yote ikasimama. Wanawake walienda mbali zaidi. Mmoja wa wenye Atlanta Dream alikuwa seneta Kelly Loeffler. Alipolipinga vuguvugu la kutetea maisha ya watu weusi, wachezaji wake mwenyewe walivaa fulana za kumpigia debe mpinzani wake, Raphael Warnock. Warnock akashinda Januari 2021. Mwezi uliofuata timu ikauzwa, na mmoja wa wanunuzi alikuwa Renee Montgomery, aliyetoka tu kuichezea. Na hao ni watu ambao hata mamilioni hawakuwa nayo: mwaka 2024 Caitlin Clark, aliyejaza viwanja Marekani nzima, mshahara wake wa kwanza wa ligi ulikuwa dola 76,535 kwa mwaka.

Mbona hili linihusu, mimi wa Umoja? Kwanza kwa sababu ligi imeshafika huku. Basketball Africa League ilianza Kigali mwaka 2021, na mwaka 2025 Nairobi City Thunder ikawa timu ya kwanza ya Kenya kuingia. Nilishangilia kama wewe. Ila kabla ya kuuliza bei ya jezi, nataka tujifunze kuuliza kijana amesaini nini, akivunjika mguu nani anamtibu, na nani anakaa upande wake wa meza.

Pili, kwa sababu ile sentensi ya kwenye kochi tunaitumia kila mahali. Kuanzia Desemba 2016 hadi Machi 2017 madaktari wetu walipokaa nje siku 100 wakidai mkataba ambao serikali yenyewe iliusaini, tulisema nini? Si wana mishahara mizuri. Walimu je? Si wana likizo ndefu. Kila anayesimama, sisi ndio wa kwanza kumhesabia pesa mfukoni, na hatuulizi mfuko wa aliye juu yake una nini.

Wiki tatu kabla ya usiku ule, beshte yangu na marider wenzake walikuwa wamezima app siku mbili, kwa sababu malipo ya kila safari yalikuwa yamekatwa bila wao kuulizwa. Wengine wakafungiwa akaunti. Mtandaoni watu wakawaambia: si muache kazi, wengine wanaitaka.

Nilimkumbusha hilo mechi ilipoisha, kukianza kupambazuka. Nikamsimulia Boston. Akasikiliza, akiwa ameshika kofia yake ya pikipiki mapajani.

"Walifutwa?"

"Hapana."

"Walikuwa wangapi?"

"Kama ishirini."

Akafikiria. "Sisi tulikuwa karibu mia mbili."

"Wao TV ilikuwa inawangoja," nikamwambia.

"Basi sisi tulizima siku mbaya," akasema. "Tulizima Jumanne. Tungezima Ijumaa jioni, mwisho wa mwezi, mvua ikinyesha."

Akavaa kofia, akaenda kazini.